Kuhifadhi Kazi za Mzazi Aliyekuwa Mwongozaji wa Filamu: Mwongozo kwa Warithi

Mwongozaji wa filamu anapofariki, au anapofikia umri ambao hawezi tena kuyasimamia mambo yake mwenyewe, watoto hujikuta wamekabidhiwa vyumba vilivyojaa mikebe, kanda, madaftari, picha, barua na diski ambazo hakuna ajuaye kilichomo. Shinikizo la kwanza huwa la nafasi na muda: nyumba inatakiwa ikabidhiwe, ndugu waliosafiri kutoka mbali wanakaribia kuondoka, na mtu mwenye nia njema hupendekeza kwamba vilivyochakaa vitupwe. Mwongozo huu umeandikwa kwa ajili ya siku hizo na miaka inayozifuata. Msimamo wake ni kwamba kemia ya filamu na mitambo ya kuikarabati ina wataalamu wake, na mtoto hana haja ya kuwa mmoja wao. Lakini kujua kila kitu ni nini, kilitoka wapi, kwa nini mzazi alikiweka pale alipokiweka, na nani alikuwapo kilipotengenezwa, ni kazi ambayo familia isipoifanya hakuna atakayeweza kuifanya baadaye.

Hatua ya kwanza: acha kila kitu mahali pake

Kabla ya kuhamisha hata karatasi moja, piga picha za chumba chote, kisha kila rafu, kila droo iliyofunguliwa, na kila kasha kabla na baada ya kufunuliwa. Kinachoonekana kama fujo mara nyingi ni mpangilio wa mtu aliyekuwa kazini. Risiti ya nauli iliyochomekwa katikati ya mswada inaweza kuwa ushahidi pekee wa siku ambayo onyesho fulani lilipigwa picha. Ukiitoa na kuiweka pamoja na risiti nyingine kwa sababu ya unadhifu, ushahidi huo unapotea ingawa karatasi yenyewe bado ipo. Wahifadhi wa nyaraka hulichukulia suala la kuheshimu mpangilio wa asili kuwa kanuni ya msingi ya taaluma yao, na familia inafaa kuifuata kanuni hiyo hata kabla ya kumwita mhifadhi yeyote.

Ikiwa nyumba ni lazima ihamwe, yape makasha namba kwa kufuata mahali yalipokuwa, na uandike kwa penseli, kwa kuwa wino huvuja na kuchafua. Usitupe kitu chochote kwa muda wa mwaka mmoja walau, hata miswada iliyokataliwa na filamu ambazo hazikuwahi kutengenezwa. Utafiti mkubwa ambao mwongozaji Mmarekani Stanley Kubrick aliufanya kwa ajili ya filamu kuhusu Napoleon, ambayo hakuipiga, leo ni miongoni mwa sehemu zinazojulikana zaidi za hazina yake iliyofunguliwa katika Chuo Kikuu cha Sanaa cha London mwaka 2007. Kazi iliyoshindikana huonyesha fikra za mwongozaji kwa uwazi kuliko ile iliyokamilika, kwa sababu ndani yake maamuzi bado hayajafichwa na matokeo.

Yapo pia mambo ambayo hayapaswi kufanywa kabisa katika siku hizi za mwanzo. Usipitishe filamu ya zamani kwenye projekta ili kuona kilichomo, kwa maana filamu iliyosinyaa hata kwa asilimia 1 tu haikutani tena vizuri na meno ya mashine, na inaweza kuchanika matundu yake kwa urefu wa mita nyingi ndani ya sekunde chache. Usiifute kwa maji wala kwa dawa ya kusafishia, na usiunganishe palipokatika kwa gundi au selotepu ya ofisini.

Hatua ya pili: nasa kumbukumbu za watu kabla ya kushughulikia vitu

Wengi huanza na mikebe na kuwaacha watu hadi mwisho, na kwa maoni yangu hilo ndilo kosa linalogharimu zaidi. Filamu iliyowekwa mahali pa baridi na pakavu inaweza kusubiri miaka kadhaa. Mhariri mwenye umri wa miaka 80 hawezi kuombwa asubiri. Andika majina ya wote waliofanya kazi na mzazi wako, wapigapicha, wahariri, mafundi wa sauti, waigizaji, makarani wa seti, madereva, kisha anza na wakongwe zaidi na wale ambao afya zao si nzuri. Ikiwa mzazi mwenyewe yu hai na ana uwezo wa kuzungumza, yeye ndiye wa kwanza, hata kama jambo hilo ni zito kulianzisha.

Mahojiano ya namna hii hayafanikiwi kwa maswali mapana. Ukimwomba mzee akueleze kuhusu maisha yake na mzazi wako, atakupa hadithi zile zile alizozizoea. Mwekee mbele picha ya nyuma ya pazia na umuulize ni nani huyu aliyesimama kushoto, mlikuwa wapi, kwa nini mvua inaonekana hapa na haimo ndani ya filamu. Mpe ukurasa wa mswada wenye mistari iliyokatwa kwa kalamu nyekundu na umuulize ni nani aliyeikata na kwa sababu gani. Hakikisha pia unamuuliza mambo manne ambayo yatakufaa sana mbele: maabara gani ilisafisha filamu ile, negativu (filamu ya asili iliyopita ndani ya kamera) ilibaki kwa nani, filamu ilikuwa na matoleo mangapi, na rangi za matukio ya usiku ndani ya filamu zilikusudiwa zionekane vipi. Swali hilo la mwisho linaonekana dogo, lakini siku ya ukarabati fundi atakuwa na uwezo wa kuufanya usiku uwe wa buluu, wa kijani au mweusi kabisa, na bila shahidi atachagua kwa kubahatisha.

Rekodi kwa ubora mzuri wa sauti, taja tarehe na jina la msimulizi mwanzoni, na upate ridhaa yake kwa maandishi kuhusu matumizi ya rekodi hiyo. Wasimulizi wawili wakipingana, hifadhi kauli zote mbili bila kuamua nani anasema kweli. Na jitahidi kuvumilia usiyoyapenda. Mtoto anayemkatiza mhariri wa zamani kwa sababu anamsema mzazi wake kuwa alikuwa mkali kwenye seti anaharibu ushahidi sawasawa na yule anayetupa kanda.

Hatua ya tatu: tengeneza orodha

Orodha haihitaji programu maalumu. Jedwali la kawaida linatosha. Kila kitu kipewe namba yake, na kila mstari uonyeshe kitu ni nini, kilikutwa wapi, kina maandishi gani juu yake, na hali yake ikoje. Nakili maandishi ya kwenye mkebe neno kwa neno, hata yenye makosa, kisha ueleze katika safu nyingine unachodhani yanamaanisha, ili anayekuja baada yako aweze kutofautisha alichoandika mzazi na ulichokisia wewe. Mikebe hubadilishwa mara nyingi, kwa hiyo jina lililo juu ya kifuniko halithibitishi kilichomo. Anza na orodha fupi ya makasha yote kabla ya kuchimba kasha moja kwa undani, maana orodha kamili ya robo ya hazina haikusaidii kujua kama kuna kitu cha hatari katika robo tatu zilizobaki.

Hatua ya nne: tambua aina ya filamu na uchunguze afya yake

Hapa ndipo wasiwasi wa familia huwa mkubwa, na kwa haki. Filamu zimetengenezwa kwa besi, yaani utepe unaobeba tabaka la picha, za aina tatu. Ya kwanza ni nitrati, iliyotumika kwa filamu za milimita 35 hadi mwanzoni mwa miaka ya 1950. Hiyo hushika moto kwa urahisi, na ikishawaka haizimwi kwa maji, kwa sababu huzalisha oksijeni yake yenyewe. Ukikuta neno la Kiingereza lenye maana ya nitrati limechapwa pembeni mwa filamu, au ukikuta rili ya milimita 35 ya enzi hizo iliyogeuka kuwa ya kunata au unga wa rangi ya kahawia, usiihifadhi nyumbani, usiisafirishe kwa gari lako wala kwa posta. Piga simu kwenye hifadhi ya filamu au kwa kikosi cha zimamoto upate maelekezo.

Aina ya pili, ambayo ndiyo utakayoikuta zaidi kama mzazi alifanya kazi kati ya miaka ya 1950 na 1990, ni asetati. Adui yake ni siki. Joto na unyevu huifanya besi iachie asidi ile ile inayotia siki ukali, na asidi hiyo huchochea besi iachie asidi zaidi, hivyo uharibifu ukishavuka kiwango fulani huenda kwa kasi inayoongezeka. Kufungua mkebe na kusikia harufu ya siki ni dalili ya kwanza. Baadaye filamu hujikunja, husinyaa, na hatimaye tabaka la picha huachana na besi. Asetati mpya iliyowekwa katika nyuzijoto 21 za Selsiasi na unyevu wa hewa wa asilimia 50 huanza kuonyesha ugonjwa huu baada ya miaka 50 hivi, na joto linapozidi muda huo hupungua sana. Aina ya tatu ni poliesta, ambayo haina tatizo hilo na haichaniki kwa mkono, ingawa rangi zake zinaweza kufifia kama za nyingine.

Pua pekee haitoshi kupima, tena si vyema kuinamia mkebe na kuvuta mvuke wake. Taasisi ya Image Permanence Institute ya Rochester, Marekani, ilibuni vipande vya karatasi ambavyo huwekwa ndani ya mkebe kwa siku nzima katika joto la kawaida la chumba. Hubadilika kutoka buluu hadi kijani na kisha manjano kadiri asidi inavyozidi, na rangi hiyo hulinganishwa na kipimo chenye ngazi 0 hadi 3. Kwa vipande hivyo unaweza kupanga foleni: rili zilizofika ngazi ya juu ndizo zinazokwenda kwanza kwa mtaalamu, haijalishi zina filamu mashuhuri au majaribio yasiyojulikana. Zitenge na nyingine, kwa kuwa mvuke wao huambukiza. Tenga pia tepe za sauti za sumaku zenye upana wa filamu, maana oksidi ya chuma iliyomo ndani yake huharakisha kuoza kwa asetati, na ndiyo sababu sauti ya filamu hufa mara nyingi kabla ya picha.

Wakati unasubiri mtaalamu, laza mikebe badala ya kuisimamisha, toa karatasi zilizomo ndani yake na uziweke kwenye bahasha yenye namba ile ile, na uhamishie kila kitu kwenye chumba cha ndani kisicho na jua, mbali na dari, jiko, bafu na sakafu inayoweza kuingia maji. Chumba chenye joto lisilobadilika ni bora kuliko chenye joto la mchana na baridi ya usiku.

Upo ukaguzi mmoja zaidi ambao hauhitaji ujuzi wa kemia. Filamu ya milimita 35 hupita kwa kasi ya mita 27 na nusu hivi kwa dakika, kwa hiyo filamu ya dakika 90 inapaswa kuwa na urefu wa mita 2,470 hivi. Kwa milimita 16 ni karibu mita 990. Jumlisha urefu ulioandikwa kwenye mikebe ya filamu moja. Jumla ikipungua sana, kuna rili iliyo mahali pengine, na ni afadhali kulijua hilo mapema kuliko kuligundua fundi akiwa ameshaanza kazi.

Hatua ya tano: itafute negativu

Zilizo nyumbani kwa kawaida ni nakala za kuonyeshea. Negativu, yaani ile filamu iliyopita ndani ya kamera na ambayo nakala zote zimezaliwa kutokana nayo, mara nyingi ilibaki kwenye maabara, kwa mtayarishaji, kwa msambazaji, au katika kituo cha televisheni kilichochangia gharama. Maabara nyingi zimefungwa tangu utengenezaji ulipohamia dijitali, na akiba zao zimehamishwa, zimekabidhiwa hifadhi za taifa au zimeteketezwa. Pitia ankara na barua za zamani, tafuta namba za kumbukumbu za maabara, kisha uandike barua rasmi ukitaja jina la filamu, majina yake mbadala, mwaka, na namba hizo. Omba jibu la maandishi hata kama ni la kusema hawana kitu.

Usikate tamaa kwa haraka hata ukiambiwa kilichobaki kimeharibika. Negativu za filamu kadhaa za Satyajit Ray, mwongozaji wa India, ziliungua katika moto wa maabara jijini London mwaka 1993, mwaka mmoja baada ya kifo chake, zilipokuwa zimepelekwa huko kwa ajili ya kuokolewa. Mabaki yaliyoungua hayakutupwa. Zaidi ya miaka 20 baadaye mafundi wa L'Immagine Ritrovata, maabara ya ukarabati wa filamu huko Bologna, Italia, waliyalainisha, wakarekebisha matundu kwa mkono, na sehemu kubwa ya negativu za filamu mbili za kwanza kati ya zile tatu za Ray kuhusu maisha ya mhusika aitwaye Apu iliweza kuskaniwa kwa ajili ya matoleo yaliyoonyeshwa mwaka 2015. Tukio hilo linafundisha mambo mawili yanayokwenda pamoja: usiweke vyote chini ya paa moja, na usitupe kilichoungua.

Hatua ya sita: kanda na diski

Kwa mwongozaji aliyefanya kazi kuanzia miaka ya 1980, hatari kubwa imo kwenye kanda za video. Gundi inayoshikilia chembe za sumaku hunyonya unyevu na kuwa ya kunata, na mashine zinazocheza kanda za U-matic au Betacam hazitengenezwi tena, hivyo kila mwaka mafundi na vipuri hupungua. Kanda basi zitangulie filamu ya poliesta katika foleni ya kuhamishwa. Weka kinga ya kuzuia kurekodi juu ya kanda, kwa kuvunja, kuondoa au kusogeza kidude chake kulingana na aina ya kanda, kabla ya kuicheza popote.

Kuhusu kompyuta ya mzazi, usiiwashe na kuanza kufungua mafaili, kwa kuwa kufanya hivyo hubadilisha tarehe zake. Mtaalamu anaweza kutoa nakala kamili ya diski bila kubadilisha kitu. Usisahau simu na akaunti za barua pepe: mijadala ya mwongozaji wa leo na mwandishi wake imo humo, na akaunti isiyotumika inaweza kufutwa na mwenye huduma.

Hatua ya saba: fahamu haki ulizonazo na usizonazo

Kumiliki mkebe si kumiliki filamu. Haki za kibiashara mara nyingi ni za mtayarishaji au kampuni, muziki unaweza kuwa uliruhusiwa kwa muda na maeneo maalumu tu, na mswada unaweza kuwa na mwandishi mwingine. Kusanya mikataba yote ya kila filamu na uipange kwa tarehe, ili ionekane haki zilipita kwa nani hadi kwa nani. Pale mnyororo ulipokatika, mwanasheria wa hakimiliki aelezwe mapema. Muda wa ulinzi hutofautiana: Mkataba wa Berne, ambao ni mkataba wa kimataifa wa hakimiliki, unaweka kiwango cha chini cha miaka 50 baada ya kifo cha mtunzi, lakini kwa filamu unaruhusu nchi kuhesabu miaka 50 tangu kazi ilipotolewa kwa umma, ilhali katika Umoja wa Ulaya ni miaka 70 baada ya kufariki kwa wa mwisho kati ya mwongozaji mkuu, mwandishi wa mswada, mwandishi wa mazungumzo na mtunzi wa muziki uliotungwa kwa ajili ya filamu. Aidha, Mkataba huo unatambua haki za kimaadili, yaani haki ya kutajwa kuwa mtunzi na ya kupinga kazi kuharibiwa kwa namna inayoiumiza heshima yake, na katika nchi nyingi warithi wanaweza kuzidai hata kama mapato si yao.

Ndani ya familia, wakubaliane kwa maandishi nani atakayetia sahihi kwa niaba ya wote. Ndugu watano wakiwa na sauti tano, hifadhi na sherehe za filamu huacha kuuliza.

Hatua ya nane: chagua makao

Nyumba ya familia ni makao ya muda tu. Shirikisho la Kimataifa la Hifadhi za Filamu, FIAF, lililoanzishwa Paris mwaka 1938, lina wanachama katika nchi nyingi, na orodha yao ni mahali pazuri pa kuanzia. Uliza kila taasisi ina vyumba vya baridi, ina watu wa kuandaa katalogi, na imefanya nini na hazina ilizozipokea kabla ya yako. Tofautisha zawadi na amana: katika zawadi umiliki unahama, katika amana vitu vinabaki vyenu na vinaweza kurudishwa. Mkataba useme nani anaweza kuvitazama, familia itapata nakala za ubora gani, nani analipia, barua zenye siri za watu walio hai zitafungwa hadi lini, na vitu vitakwenda wapi taasisi ikifungwa.

Kama mzazi yu hai, aamue mwenyewe. Mwongozaji wa Sweden Ingmar Bergman alikabidhi miswada, madaftari na barua zake mwaka 2002, miaka mitano kabla ya kifo chake, ikaundwa taasisi ya kuzisimamia, na mwaka 2007 zikaingizwa katika rejista ya UNESCO ya Kumbukumbu ya Dunia. Wakati mwingine makao bora kifedha yako mbali na hadhira ya mwongozaji. Nyaraka za Ousmane Sembène, mwongozaji wa Senegal, kwa mfano, ziko katika Maktaba ya Lilly ya Chuo Kikuu cha Indiana, Marekani. Sioni ubaya wa kupeleka hazina mahali inapotunzwa vizuri, lakini familia idai nakala kamili ya kidijitali ibaki mahali ambapo watu wanaozungumza lugha ya filamu hizo wanaweza kuifikia.

Hatua ya tisa: skani, kisha rudisha filamu kwa watazamaji

Kuskani filamu ya dakika 90 kwa ubora wa 4K huzalisha fremu (picha moja moja) 129,600, na kila fremu isiyobanwa inaweza kufikia megabaiti 50, jumla ikiwa zaidi ya terabaiti 6. Panga bajeti ya hifadhi ya mafaili hayo kabla ya kuagiza kazi. Weka nakala tatu, katika vyombo vya aina mbili tofauti, moja ikiwa katika mji mwingine. Kila faili lipewe namba ya uhakiki inayokokotolewa upya kila mwaka, ili ijulikane kama limebadilika. Negativu isitupwe baada ya kuskaniwa. Inaweza kuishi kuliko diski zote.

Wakati wa kurekebisha rangi na sauti, mpe fundi rekodi za mahojiano na ukae naye ukiwa na madaftari ya mzazi. Vumbi na mikwaruzo iondolewe. Mchanga wa picha (chembechembe za asili za filamu), kutikisika kwa kamera ya mkononi na mkato wa ghafla viachwe, hata kama leo vinaonekana kama makosa. Kila badiliko liandikwe na kuhifadhiwa pamoja na faili.

Onyesho la kwanza la nakala mpya lifanyike mbele ya wale waliobaki kati ya wenzake, na kabla ya taa kuzimwa weka kinasa sauti karibu na viti vyao. Watazungumza filamu ikiendelea, watatajiana majina ya watu waliopita mbele ya kamera kwa sekunde mbili tu, na majina hayo, kesho yake, yataingia kwenye safu zilizokuwa tupu katika orodha yako.